Ukarimu Uuzwao

Katika lugha ya Kiswahili neno mgeni hubeba mizigo miwili bila ya kulalamika. Mgeni ni mtu asiyejulikana, aliyefika mahali pasipo pake. Na mgeni ni mtu astahiliye heshima, ambaye mwenyeji humwondokea katika kitanda chake mwenyewe ili alale. Ziko lugha zilizotenga maneno mawili kwa mambo haya, moja la kumhofu mtu na moja la kumkaribisha. Kiswahili kimeyaacha katika neno moja, kana kwamba wazee walioisema lugha hii kwanza, pwani ambako kila msimu wa pepo uliwaletea sura mpya, walikwisha kuona kuwa mtu hawezi kufika kwa namna ya pili bila ya kupita kwanza katika namna ya kwanza. Anayekaribishwa leo alikuwa hajulikani jana.

Wazee hao hao waliacha mithali isemayo kwamba msafiri ni maskini, ajapokuwa sultani. Maana yake si kwamba mfuko wa msafiri ni mtupu. Sultani aweza kusafiri na dhahabu, lakini hawezi kusafiri na jamaa zake wote, kisima chake, mlango wake na jina lake. Akifika mji mwingine usiku, kila alicho nacho kinahitaji kukubaliwa na mtu mwingine kabla ya kumfaa kitu. Kwa hiyo ukarimu katika nchi hizi haukuhesabiwa kuwa zawadi ya mtu mwema. Ulihesabiwa kuwa deni. Aliyempa mgeni maji alikuwa akilipa maji ambayo yeye mwenyewe angeyahitaji siku nyingine, katika njia nyingine, mikononi mwa mtu asiyemjua. Wala deni hilo halikuwa bila ya mpaka. Siku ya tatu mgeni hupewa jembe, maana ukarimu usio kikomo humla mwenyeji, na mwenyeji aliyekwisha liwa hamfai mgeni wa kesho.

Hoteli kubwa ya anasa imejengwa ili kuikanusha mithali ya sultani. Humwahidi mtu kuwa atabaki sultani popote aendapo, maadam analipa. Bidhaa yake si kitanda, kwa sababu kitanda hupatikana katika nyumba yoyote ya kulala wageni karibu na stendi ya mabasi kwa bei ndogo. Bidhaa yake ni utengo. Huuza kutokuwapo kwa vumbi, kutokuwapo kwa kelele, kutokuwapo kwa joto, na mwisho kutokuwapo kwa mji wenyewe, ambao kutoka dirisha la ghorofa ya juu hugeuka kuwa taa nzuri za kutazamwa. Huuza kitu kingine pia, ambacho hakiandikwi katika orodha ya bei. Mtu aliyelipa haondoki na deni. Hawajibiki kumkumbuka aliyemfungulia mlango, wala kumpokea mtoto wake siku atakapofika mji wake. Hesabu imekwisha mezani pa mapokezi. Hiyo ni raha kubwa, na asiyewahi kuchoshwa na fadhila za watu asiidharau. Lakini hapo ndipo linapozaliwa swali: je, deni la mtu kwa mgeni laweza kufanywa bidhaa bila ya kuharibika? Na likiisha kufanywa bidhaa, anayefika bila ya fedha humdai nani?

Swali hili liliwahi kuletwa mbele ya wasomi wa Afrika kwa sura nyingine. Katika miaka ya uhuru, dola mpya zilijenga hoteli katika miji yao mikuu kwa bidii ile ile iliyojenga bunge na kiwanja cha ndege. Monrovia ilipata Ducor mwaka 1960, Abidjan ikapata Ivoire mwaka 1963, Dar es Salaam ikapata Kilimanjaro mwaka 1965. Si haki kuyacheka majengo hayo. Taifa lililotaka kuheshimiwa lilihitaji mahali pa kuwapokea wakuu wa mataifa, na ilikuwa aibu kuwapokea katika vilabu ambavyo hapo kabla mwenye nchi aliingia kwa mlango wa jikoni. Lakini mwaka 1970 vijana wa TANU katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam waliuliza hadharani, kwa njia ya gazeti, ikiwa nchi iliyochagua ujamaa yaweza kuwekeza mali yake katika starehe ya watalii na kuwafundisha watoto wake utumishi wa tabasamu. Mabishano yale yalikusanywa katika kitabu kilichohaririwa na Issa Shivji mwaka 1973. Yalihusu fedha na heshima, na yote mawili ni mambo mazito. Jambo moja lilibaki bila ya kipimo, nalo ni kazi ya nyumba kama hiyo siku mji unapowaka moto. Kipimo hicho kilikuja miaka 24 baadaye, katika mji mkuu mwingine.

Kigali ulikuwa mji mdogo wakati Rwanda ilipojitawala mwaka 1962. Mwaka 1973 ilifunguliwa humo hoteli ya ghorofa tano iliyokuwa mali ya Sabena, shirika la ndege la Ubelgiji, nayo ikaitwa Hôtel des Mille Collines, yaani hoteli ya vilima elfu, kwa lakabu ambayo nchi nzima hujulikana kwayo. Ilikuwa na vyumba zaidi ya 100, bustani, na bwawa la kuogelea ambalo kando yake walikaa maafisa wa serikali, wafanyabiashara, wanadiplomasia na wataalamu wa misaada. Mengi ya nchi yalizungumzwa pale kabla ya kufika ofisini. Mwananchi wa kawaida aliijua hoteli kwa nje, kama ajuavyo ndege inayopita angani. Lakabu ile ile ya vilima elfu ilichukuliwa mwaka 1993 na redio iliyoitwa Radio Télévision Libre des Mille Collines, ambayo ilimwaga chuki dhidi ya Watutsi mpaka chuki ikawa amri. Mmoja wa waanzilishi wake, Ferdinand Nahimana, alihukumiwa mwaka 2003 na mahakama ya kimataifa iliyokaa Arusha. Jina moja, basi, lilipewa nyumba ya kupokea watu na sauti ya kuwafukuza katika uhai. Jina halina hatia, lakini huonyesha jinsi maneno mazuri yalivyo rahisi kuazimwa.

Usiku wa tarehe 6 Aprili 1994 ndege ya Rais Juvénal Habyarimana ilitunguliwa juu ya Kigali, na mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yakaanza. Katika siku 100 hivi waliuawa watu 800,000 kwa hesabu ya Umoja wa Mataifa, na zaidi ya 1,000,000 kwa hesabu ya serikali ya Rwanda. Wahutu waliokataa mauaji waliuawa pamoja nao. Asubuhi ya tarehe 7 aliuawa Waziri Mkuu Agathe Uwilingiyimana, na askari kumi wa Ubelgiji waliotumwa kumlinda wakauawa vile vile. Ufaransa na Ubelgiji zilituma majeshi kuwaondoa raia wa kigeni. Wageni waliolipa waliondoka hotelini, nao hawakulaumiwa, kwa kuwa hakuna mkataba wa hoteli unaomfunga mtu abaki kufa. Tarehe 21 Aprili Baraza la Usalama likapunguza jeshi la kulinda amani mpaka watu 270.

Vyumba vilivyoachwa havikubaki vitupu. Walikwisha kuanza kuingia watu wasiokuwa katika daftari la mapokezi, wakaendelea kuingia, mpaka wakazidi 1,200. Chumba cha watu wawili kilichukua watu kumi au zaidi. Ujia ukawa chumba, ngazi ikawa kitanda. Umeme ulikatwa. Maji yalikatwa. Hapo wakaligeukia lile bwawa la kuogelea. Maji yaliyowekwa kwa ajili ya mwili ulioshiba kujiburudisha yaligawanywa kwa ndoo na vyombo vidogo, yakanywewa, yakapikiwa, yakapungua siku hata siku. Pengine hakuna tukio katika historia ya anasa Afrika lililosema mengi kama kupungua kwa maji yale. Kila kilichokuwa cha fahari katika nyumba ile kiliulizwa, kwa lugha ya kiu, kinafaa nini. Zulia lilijibu, likawa godoro. Bwawa lilijibu, likawa kisima. Vioo na taa za kuning'inia havikujibu kitu.

Mahakimu, madaktari, wafanyabiashara na wanasiasa walilala sakafuni bega kwa bega na watu ambao mwezi uliopita hawangevuka lango. Mithali ya sultani, ambayo nyumba ile ilijengwa kuikanusha, ilirudi ikakaa ndani yake. Kila aliyekuwamo alikuwa msafiri katika mji wake mwenyewe, na kila kitu alichokuwa nacho kilihitaji kukubaliwa na mwingine kabla ya kumfaa. Na kwa yote hayo, hapana mkimbizi aliyeuawa ndani ya hoteli hiyo. Nje ya ua wake wanamgambo walikuwa wakipita. Nchini kote watu walikimbilia mahali ambapo dini na desturi zilipaita patakatifu, na huko ndiko walikofuatwa. Makanisa ya Ntarama na Nyamata yamebaki leo kuwa makumbusho ya waliouawa ndani yake.

Kwa nini ukuta wa hoteli ulisimama pale ambapo ukuta wa kanisa ulianguka? Hapa fikira zinapaswa kwenda polepole, maana jibu la haraka ni tamu na si la kweli. Haikuwa nguvu ya silaha. Walinzi wa Umoja wa Mataifa waliokuwa hotelini walikuwa wachache sana. Kwa upande mwingine, katika shule ya ufundi ya ETO huko Kicukiro, katika mji huo huo wa Kigali, walikuwapo askari wa Ubelgiji wenye bunduki na magari, na nyuma yao watu wapatao 2,000 waliokimbilia bendera ya Umoja wa Mataifa. Tarehe 11 Aprili askari hao waliamriwa kuondoka, wakaondoka. Mchana huo huo watu wale waliswagwa kuelekea kilima cha Nyanza, na wengi wao wakauawa huko. Bendera ilikuwa moja. Kilichotofautiana ni jambo jingine.

Hoteli ilikuwa mali ya Ulaya, na wenye mali walikuwa Brussels wakiuliza habari zake. Simu za hoteli zilipokatwa, laini moja ya faksi ilisahauliwa, na kwa laini hiyo waliokuwamo walizungumza usiku na mchana na Ubelgiji, Ufaransa na kwingineko. Hawakupiga simu gizani. Walipiga kwa watu waliowajua, kwa sababu wengi wao walikuwa wamesoma, wamesafiri, wamefanya kazi na wageni. Wakuu wa jeshi la serikali, waliokuwa bado wakitaka kutambuliwa na mataifa, walijua kwamba nyumba ile inatazamwa. Msafara wa kwanza wa kuwaondoa wakimbizi, tarehe 3 Mei, ulizuiwa njiani na wanamgambo. Watu walipigwa na kujeruhiwa, lakini wakarudishwa hotelini wakiwa hai. Mwishoni mwa Mei walianza kuondolewa kwa mapatano ya kubadilishana watu baina ya pande mbili za vita. Yote haya yalihitaji watu wa kuulizwa habari zao kwa jina. Watu wa Kicukiro walikuwa na idadi. Watu wa hotelini walikuwa na majina.

Basi ule utengo uliouzwa kwa wageni wa miaka ishirini, ile heshima ya kuwa mahali panapojulikana na wenye nguvu, ndio uliokuwa ukuta. Hoteli ilikuwa imekusanya ndani yake, kama mtu akusanyavyo akiba, macho ya dunia iliyo tajiri. Na siku ya msiba akiba hiyo ilitumika kwa watu ambao haikuwekwa kwa ajili yao. Hili ni jambo la kushukuriwa na la kuogopesha kwa pamoja. Kila aliyeokoka aliokoka kweli, akazaa watoto, akaona nyeupe za nywele zake. Lakini kilichomwokoa ni tofauti ile ile ya thamani baina ya mtu na mtu ambayo kila mwenye haki huilaani. Ikiwa mahali fulani palilindwa kwa sababu panatazamwa, basi pengine pote paliachwa kwa sababu hapatazamwi.

Wako watakaosema kwamba, ikiwa ni hivyo, anasa imejitetea yenyewe. Na jengeni hoteli nyingi zaidi. Hoja hii huchanganya faida na fadhila. Mtu aliyejenga ukuta kuzuia mbuzi wa jirani wasile mboga zake, na siku ya gharika ukuta ule ukazuia maji yasiizamishe nyumba ya jirani huyo, hana haki ya kudai sifa ya wema. Jirani naye hana haki ya kusema kwamba ukuta haukumfaa. Mambo yote mawili ni kweli, na mwenye akili huyabeba yote mawili bila ya kulitupa moja ili apunguze uzito. Wako wengine, hasa vijana wenye moto wa haki, watakaosema kuwa anasa ni uovu mtupu na wema uliotokea ndani yake ni ajali. Hao nao wajibu kwa nini, katika ajali hiyo, watu wa mapokezi, wa jikoni na wa usafi ambao walibaki waliendelea kugawa kilichokuwapo. Utumishi ambao wanafunzi wa 1970 waliuona kuwa ni udhalili ulikuwa pia ni ujuzi: ujuzi wa kujua nani hajala, chumba kipi kina mtoto mgonjwa, na maji yaliyobaki yatafika siku ngapi. Tabasamu lilifundishwa kwa fedha, lakini kuhesabu ndoo kwa haki hakukufundishwa na bei yoyote.

Ili kulipima jambo hili vizuri, ifaa kuweka kando ya hoteli nyumba nyingine. Katika kijiji cha Musamo, wilaya ya Ruhango, aliishi mwanamke mzee aliyeitwa Zura Karuhimbi, mganga wa miti shamba, katika nyumba ndogo sana. Mwaka 1994 aliwaficha humo na katika shamba lake watu zaidi ya 100. Hakuwa na simu ya Brussels. Wauaji walipokuja alijipaka mikono dawa ya majani inayowasha ngozi, akawagusa nayo, akatikisa bangili zake, akawaambia kwamba atakayeingia atajitafutia ghadhabu ya mizimu. Wakarudi nyuma. Alipewa nishani na taifa lake mwaka 2006, akafariki mwaka 2018. Hata mjini Kigali, katika mtaa wa Nyamirambo, ambako Kiswahili kilisemwa nyumba kwa nyumba miaka mingi kabla ya sheria ya 2017 kukifanya lugha rasmi ya Rwanda, familia nyingi za Kiislamu ziliwaficha majirani zao darini na nyuma ya magunia.

Ukuta wa Zura ulikuwa hofu ya mizimu, na ukuta wa hoteli ulikuwa hofu ya Ulaya. Kwa hesabu ya uhai uliookolewa, hofu moja si tukufu kuliko nyingine. Wauaji hawakuzuiwa na dhamiri katika nyumba yoyote kati ya hizo mbili. Tofauti iko mahali pengine. Mwenye hoteli alikuwa mbali na panga, na nguvu yake ilitoka katika umbali huo. Zura alikuwa mlangoni, na hila yake ingeshindwa hata mara moja, yeye ndiye angekufa wa kwanza. Yeye alikuwa mwenyeji kwa maana ile ya zamani, ambaye humwondokea mgeni katika kitanda chake. Hoteli ilikuwa na jengo, lakini mwenyeji wake ilibidi atafutwe miongoni mwa waliokuwamo.

Na juu ya jambo hilo ubishi haujakoma. Filamu iliyotengenezwa mwaka 2004 ilimfanya msimamizi wa hoteli wa siku zile kuwa shujaa wa dunia. Baadhi ya manusura waliokuwamo wameandika na kusema kinyume chake, kwamba watu walidaiwa fedha za vyumba na chakula, na wasiokuwa nazo walisumbuliwa. Yeye na wanaomtetea wameyakana hayo. Kesi hiyo si ya kuamuliwa na insha. Linalostahili kuangaliwa ni uzito ambao manusura waliuweka katika shtaka lenyewe. Katika siku za maiti barabarani, kudaiwa gharama ya chumba kulikumbukwa kwa uchungu miaka kumi na ishirini baadaye. Kwa nini? Fedha siku zile hazikuwa na kazi kubwa. Lakini kudaiwa kulimwambia mtu kwamba yu hapa kwa mkataba, na mkataba ukiisha, haki yake ya kukaa imekwisha. Kulimrudisha katika hoteli ile ya kwanza, ile ya kabla ya Aprili. Naye alikuwa amekuja akidhani, au akitumaini kwa nguvu zote, kwamba yu katika nyumba ya pili, ambamo mtu hupokewa kwa sababu amefika. Wanaoshtaki na wanaokana wamekubaliana katika jambo hili moja, kwa kuwa asingekana mtu shtaka asiloliona kuwa ni aibu. Wote wanajua kuwa upo wakati ambapo kumdai mgeni ni kosa, hata katika nyumba iliyojengwa kwa ajili ya kudai.

Sabena ilifilisika mwaka 2001, na hoteli ikauzwa kwa wenyeji wengine. Imekarabatiwa, bwawa lina maji, na wageni hukaa kando yake jioni. Kigali imekuwa mji wa mikutano. Mwaka 2016 ulifunguliwa ukumbi mkubwa wa mikutano wenye kuba linalowaka rangi usiku, na hoteli mpya zimesimama juu ya vilima. Kila tarehe 7 Aprili nchi huingia katika siku za maombolezo. Yuko mtalii afikaye Mille Collines akitaka kuonyeshwa mahali filamu ilipotendeka, asijue kwamba sehemu kubwa ya filamu ile ilipigwa Afrika Kusini. Hata huyo asichekwe sana. Anatafuta nyumba ambamo watu walipokewa, na ameelekezwa kwenye ile yenye anwani. Musamo haina anwani ya namna hiyo.

Miongoni mwa waliokaa Mille Collines mwaka ule alikuwamo Kapteni Mbaye Diagne wa Senegal, mwangalizi wa kijeshi wa Umoja wa Mataifa, asiye na silaha. Aliwachukua watoto wa Waziri Mkuu aliyeuawa, akawaleta hotelini. Tangu hapo, bila ya kuamriwa na bila ya kuzuiwa, alitoka na gari lake mara kwa mara, akawaendea watu mafichoni, akawapakia watatu, wanne au watano, akawapitisha katika vizuizi kimoja baada ya kingine. Kwenye vizuizi alitoa sigara, alitoa mzaha, alitoa fedha kidogo, alicheka na watu wenye mapanga mpaka wakamwachia njia. Hakuwa na ukuta wa Ulaya wala wa mizimu. Alikuwa na kofia ya buluu ambayo siku zile iliheshimiwa na wachache, na ulimi uliojua kumfanya mtu asahau kwa dakika moja kwamba amekusudia kuua. Kwake yeye hoteli haikuwa utengo. Ilikuwa mahali pa kufikishia watu. Aligeuza lango lililojengwa kwa kuchagua kuwa lango la kupitisha, kwa kadiri ya viti vya gari moja. Wale aliowachukua hawakuwa wote watu wa simu na majina. Walikuwa watu aliowapata.

Tarehe 31 Mei 1994 kombora liliangukia karibu na kizuizi alichokuwa amefika, akafa ndani ya gari. Baraza la Usalama liliweka nishani yenye jina lake mwaka 2014. Siku aliyouawa, hotelini walikuwamo bado watu waliokuwa wakingoja zamu yao ya kuondolewa, na mafichoni mjini walikuwamo wengine ambao hawakuwa na gari jingine la kulingoja.